Kabaka Kati ya Wafaransa na Waingereza

Ng'ambo ya ziwa letu, mwaka 1884, kijana Mwanga alirithi kiti cha baba yake, Kabaka Mutesa wa Buganda. Waislamu, Wakatoliki na Waprotestanti walikuwa wamekwisha kuingia barazani, na kila kundi lilimtaka awe wake. Mwaka 1886 aliwaua vijana wengi Wakristo wa jumba lake. Mwaka 1888 Waislamu na Wakristo waliungana wakamwondoa, naye akakimbilia kusini mwa ziwa, katika nchi ambayo leo ni Tanzania.

Wakristo walimrudisha, kisha wakagombana wao kwa wao. Wakatoliki waliitwa Wafaransa, Waprotestanti wakaitwa Waingereza, ingawa wote walikuwa Waganda. Vyeo viligawanywa kwa madhehebu. Ukazuka ugomvi iwapo aliyebadili dini abaki na cheo chake. Tarehe 24 Januari 1892 walipigana Mengo. Kapteni Lugard aliwapa Waprotestanti bunduki. Kabaka alikimbilia kisiwa cha Bulingugwe, nako akashambuliwa.

Mwanga aliasi mwaka 1897, akakamatwa mwaka 1899, na kufa uhamishoni Shelisheli mwaka 1903.

Twawakumbusha watumishi wa Serikali, kuanzia visiwani hadi Tarime na Serengeti, kwamba sala haikuivunja Buganda. Iliyoivunja ni desturi ya kumwuliza mtu anasali wapi kabla ya kumpa kazi. Kisiwa cha Bulingugwe hakikuwa na cheo cha kugombewa, lakini vita vilikifikia.