John Tyndall: mtu aliyeufuatilia mwanga ndani ya vumbi

Wasikilizaji wetu wa Isongole na vijiji jirani wamekuwa wakituuliza mashine ya CD4 inawezaje kuhesabu chembe za damu zisizoonekana kwa macho. Ili kujibu, tunaanza na maisha ya John Tyndall.

Alizaliwa mwaka 1820 huko Leighlinbridge, Ireland, mtoto wa askari polisi. Alianza maisha kama mpima ardhi, kisha akapima njia za reli. Mwaka 1848 alikwenda kusoma Marburg, Ujerumani. Mwaka 1853 akawa profesa katika taasisi ya Royal Institution, London, alikokuwa Michael Faraday.

Jua likipenya kwenye tundu la bati, ndani ya nyumba tunaona mstari wa mwanga. Tyndall alionyesha kwamba tunachokiona ni mwanga uliotawanywa na vumbi. Hewa ikiwa safi kabisa, mstari hauonekani.

Wakati huo wapo walioamini kuwa vijidudu huzuka vyenyewe katika vitu vinavyooza. Tyndall alitengeneza sanduku, akalipaka gliserini ndani ili inase vumbi, akasubiri mpaka mwanga ukapita humo bila kuonekana. Kisha akaweka supu iliyochemshwa. Ya sandukuni ilibaki safi, iliyoachwa kwenye hewa ya kawaida ikaoza. Vijidudu vilikuja na vumbi. Baadaye aligundua kuwa vingine huvumilia kuchemshwa mara moja, akashauri kuchemsha kwa kurudia.

Alifariki mwaka 1893, baada ya mkewe Louisa kumpa kwa bahati mbaya dozi kubwa ya dawa ya usingizi akidhani ni dawa nyingine.

Mashine za kuhesabu chembe zilikuja miongo mingi baadaye, lakini zinategemea jambo lilelile. Damu hupitishwa kwenye njia nyembamba, chembe moja moja, mbele ya mwanga wa leza. Mwanga unaotawanyika kuelekea mbele hukadiria ukubwa wa chembe. Unaotawanyika pembeni huonyesha kama ndani yake kuna punje nyingi au chache. Hivyo mashine hutenganisha aina za chembe nyeupe. Kwa kuwa CD4 hufanana na wenzake wa jamii moja, huongezewa rangi maalumu inayong'aa ili itambulike.

Anayegundulika na virusi vya UKIMWI huanza dawa bila kusubiri hesabu hiyo. Lakini kwa mtu mzima, CD4 ikiwa chini ya 200 katika milimita moja ya ujazo wa damu, kinga imeshuka sana, na anahitaji kuchunguzwa haraka magonjwa kama kifua kikuu na homa ya uti wa mgongo.

Ndugu msikilizaji, ukiwa umeanza dawa karibuni, au uliziacha na sasa unarudi kliniki, muulize mhudumu kuhusu kipimo hiki. Usisubiri mpaka uzidiwe.