Einstein alivyonyimwa cheo, rafiki yake akaajiriwa juu yake

Ukitaja Albert Einstein, watu wanawaza zile nywele na ile fomula ya E=mc². Wachache wanajua kwamba alipoigundua alikuwa mfanyakazi wa serikali wa daraja la chini, na mwaka mmoja kabla ya hapo alikuwa amenyimwa cheo.

Alizaliwa Ulm, Ujerumani, Machi 14, 1879. Akiwa na miaka 15 aliacha shule Munich bila cheti. Mwaka 1895 akajaribu mtihani wa kuingia Chuo cha Ufundi cha Zurich, Uswisi, akaanguka. Ikabidi arudi shule mjini Aarau, ndipo akaingia chuoni na kuhitimu 1900.

Hapo sasa kutarmaki kukaanza. Wenzake walibaki chuoni kuwa wasaidizi wa maprofesa, lakini yeye hakuna aliyemtaka. Alikuwa na tabia ya kuhepa mihadhara, na maprofesa hawakuwa wamesahau. Aliandika barua za kuomba kazi hadi Ujerumani, Uholanzi na Italia. Kimya. Akawa anajishikilia na vibarua vya kufundisha.

Aliyemwokoa ni mwanafunzi mwenzake, Marcel Grossmann. Babake Grossmann alifahamiana na Friedrich Haller, mkurugenzi wa afisi ya serikali ya kusajili uvumbuzi mjini Bern. Ndiyo, ni konekshoni. Lakini konekshoni ilimfikisha mlangoni tu. Nafasi ilitangazwa hadharani Desemba 1901, tena ya daraja la pili. Haller alipomhoji aliona kijana anaijua fizikia ila mitambo inampiga chenga. Akamchukua kwa daraja la tatu, kwa majaribio, mshahara faranga 3,500 kwa mwaka. Einstein akaripoti kazini Juni 1902.

Kazi ilikuwa saa nane kwa siku, siku sita kwa wiki. Anasoma ombi la mvumbuzi, anakagua michoro, anasaka kasoro. Aliimaliza haraka, kisha akatoa karatasi zake za fizikia. Akisikia mtu anakuja, anazisukuma ndani ya droo.

Mwaka 1904 nafasi ya daraja la pili ikatangazwa. Einstein mwenyewe ndiye aliyempasha habari rafiki yake Michele Besso, mhandisi wa mitambo. Besso akaajiriwa moja kwa moja kutoka nje, na kuanzia siku ya kwanza akawa juu ya Einstein. Mwaka huo huo Einstein alithibitishwa kazini na kuongezwa mshahara hadi faranga 3,900, lakini cheo hakupewa. Haller alisema asubiri mpaka aielewe vizuri kazi ya mitambo. Nyumbani kulikuwa na mke na mtoto mchanga.

Hebu fikiria. Umekaa afisini miaka miwili, unaijua kila kabati, halafu anakuja mtu mpya na kukupita. Wengi wetu tungenuna. Lakini tuseme ukweli: kazi ile ilihitaji mtu wa mitambo, na Besso alikuwa mtu wa mitambo. Kukaa muda mrefu hakumfanyi mtu astahili nafasi. Jambo la maana ni kwamba Einstein aliambiwa wazi anachokosa. Kinachoumiza watu ni kusubiri cheo bila kujua kipimo.

Wawili hao hawakukosana. Walikuwa wakirudi nyumbani pamoja wakijadili fizikia. Mwaka 1905 Einstein alichapisha makala zilizobadilisha sayansi, na katika ile ya nadharia ya uhusianifu aliyemshukuru ni mmoja tu: Besso.

Aprili 1906 Einstein akapandishwa hadi daraja la pili, faranga 4,500. Usidhani ni kwa sababu ya nadharia ile. Haller aliangalia kazi ya mezani, ambayo sasa Einstein aliimudu kama wataalamu bora wa afisi, pamoja na shahada ya uzamifu aliyokuwa amepata. Ile ahadi ya 1904 ilitimizwa.

Kisha meza ikageuka. Mwaka 1909 Chuo Kikuu cha Zurich kilitafuta profesa wa fizikia. Friedrich Adler alikuwa tayari anafundisha humo, na wengi walimtarajia yeye. Adler mwenyewe akajiondoa, akasema Einstein ndiye anayefaa zaidi. Safari hii mtu wa nje aliyempita mtu wa ndani alikuwa Einstein.

Alitunukiwa Tuzo ya Nobel ya Fizikia ya mwaka 1921, na 1933 akahamia Marekani. Besso alifariki Machi 1955. Einstein alimfuata Aprili 18, mwezi mmoja tu baadaye, wakiwa marafiki hadi mwisho.

Kwa hivyo ukirukwa kazini, kabla ya kumchukia mgeni, muulize bosi swali moja: nikose nini ili nijue cha kutafuta? Akikujibu, una pa kuanzia. Akikosa jibu, basi tatizo si yule mgeni.