Kabla ya Marekani, Obama Mkubwa alikuwa mwandishi

Ukisikia Barack Obama Mkubwa, akili yako hukimbilia mwanawe, rais wa 44 wa Marekani, sivyo? Hebu rudi nyuma kidogo.

Alizaliwa Kanyadhiang, karibu na Kendu Bay, Homa Bay. Aliondoka shule ya Maseno bila kumaliza, baadaye akawa karani Nairobi. Huko alifanya kazi na Elizabeth Mooney, Mmarekani aliyeshughulikia elimu ya watu wazima.

Unajua shida ilikuwa wapi? Mzee akishajua herufi, anahitaji kitabu cha kuendelea nacho, la sivyo anasahau. Basi kijana huyu akaandika vitabu vya Dholuo, Otieno Jarieko, yaani Otieno Mwerevu. Cha pili, cha kurasa 40, kilifundisha kilimo bora. Kilichapishwa mwaka wa 1959 na East African Literature Bureau.

Mwaka huohuo akaenda Chuo Kikuu cha Hawaii. Alifariki 1982 kwa ajali ya gari Nairobi.

Kumbe aliandika kabla ya digrii! Wewe je, unangoja nini? Na dani yako kijijini, ana kitabu gani cha kusoma kwa lugha yake?