Maisha ya Mpiga Saksafoni John Coltrane (1926–1967)

Katika miaka mia moja ya usharika, kwaya na tarumbeta zimekuwa na sehemu yake katika kulieneza Neno. Kwa sababu hiyo tumeona vema kuweka hapa maisha ya mpiga ala mmoja wa nchi ya mbali. Hakuwa Mlutheri, lakini ibada yake ya mazishi ilifanyika katika kanisa la Kilutheri.

John William Coltrane alizaliwa tarehe 23 Septemba 1926 katika mji mdogo wa Hamlet, jimbo la North Carolina, Marekani, akalelewa High Point katika jimbo hilohilo. Babu zake wote wawili walikuwa wachungaji wa Kanisa la African Methodist Episcopal Zion. Baba yake alikuwa fundi cherehani aliyependa kupiga ala nyumbani. Mama yake aliimba na kupiga piano.

Alipokuwa na umri wa miaka 12 msiba uliifikia nyumba hiyo. Kati ya mwisho wa mwaka 1938 na mwaka 1939 babu yake mzaa mama, baba yake na bibi yake walifariki wakifuatana. Ni katika kipindi hicho cha ukiwa ndipo alipojiunga na bendi iliyoanzishwa mjini na Mchungaji Warren Steele. Alianza na tarumbeta ya alto, akaendelea na klarineti, na hatimaye akashika saksafoni.

Mwaka 1943 alihamia Philadelphia, akafanya kazi katika kiwanda cha sukari huku akisoma muziki. Tarehe 5 Juni 1945 alimsikia Charlie Parker akipiga saksafoni, na tangu hapo alijua ni njia gani ataifuata. Mwaka huohuo aliingia Jeshi la Wanamaji, akapiga katika bendi ya askari huko Hawaii hadi mwaka 1946. Baadaye alipokuwa na Eddie Vinson alianza kupiga saksafoni ya teno, ambayo ndiyo iliyomtambulisha. Mwaka 1949 aliingia katika bendi ya Dizzy Gillespie, na mwaka 1955 katika kikundi cha Miles Davis.

Hata hivyo, kipaji hakikumkinga. Alikuwa amenaswa na heroini na pombe, na mwaka 1957 Davis alimwondoa kikundini. Alirudi Philadelphia, akajifungia katika nyumba ya mama yake, akaviacha vyote viwili. Mama yake na mkewe Naima, aliyekuwa Mwislamu, walimhudumia katika siku hizo ngumu. Coltrane mwenyewe alishuhudia baadaye, katika maandishi ya albamu yake A Love Supreme iliyorekodiwa Desemba 1964, kwamba mwaka ule Mungu alimwamsha kiroho.

Matunda yalionekana upesi. Mwaka huohuo wa 1957 alipiga pamoja na Thelonious Monk, na mwezi Septemba akarekodi albamu ya Blue Train, ambayo nyimbo nne kati ya tano alizitunga yeye. Mwaka 1958 alirudi kwa Davis. Tena mwaka huo alishiriki kurekodi wimbo uitwao Tanganyika Strut, wakati nchi yetu ilipokuwa bado chini ya utawala wa Waingereza. Mwaka 1959 alirekodi Giant Steps, yenye nyimbo saba, zote tungo zake. Mmoja wao aliuita kwa jina la Naima.

Alifariki tarehe 17 Julai 1967 kwa saratani ya ini, akiwa na umri wa miaka 40. Siku nne baadaye ibada ya mazishi ilifanyika katika Kanisa la Kilutheri la St. Peter's, New York, ikiongozwa na Mchungaji John Garcia Gensel, aliyekuwa akiwahudumia wapiga jazi, watu wa kumbi za usiku ambao wengi waliwaona kuwa hawafai kanisani. Saksafoni zililia ndani ya kanisa hilo.

Mchungaji mmoja alimkabidhi mtoto yatima tarumbeta. Mchungaji mwingine alimfungulia mlango wa kanisa alipokuwa maiti. Kati ya siku hizo mbili kuna miaka ambayo angeweza kupotea kabisa. Vijana wanaopita nje ya kanisa letu wakiwa katika hali kama ile ni wengi. Usharika unapoingia karne yake ya pili, na tusingoje siku ya mazishi yao ndipo tuwafungulie mlango.