Alfred Fedetsky: Aliuweka mji wake kwenye filamu, filamu zikapotea

Leo ukiona kisa mtaani, unatoa simu, unarekodi, unatuma kwa grupu, basi. Sasa mfikirie mtu aliyefanya hivyo mwaka 1896, wakati watu wengi waliopita mbele ya kamera yake hawakuwahi kuona picha inayotembea. Aliitwa Alfred Fedetsky. Kama jina hilo ni geni kwako, si wewe tu.

Alizaliwa 1857 mjini Zhytomyr, Ukraine, katika familia yenye asili ya Poland. Enzi hizo sehemu kubwa ya Ukraine ilikuwa chini ya milki ya Urusi. Alisomea upigaji picha Vienna, akafanya kazi Kyiv, kisha 1886 akafungua studio yake Kharkiv. Na jamaa alikuwa moto! Mwaka 1893, mtunzi wa muziki Tchaikovsky alipokuja Kharkiv kuongoza okestra, ni Fedetsky aliyempiga picha. Tchaikovsky alifariki miezi michache baadaye.

Angeweza kutulia hapo. Biashara iko, jina liko, wateja wanakuja wenyewe. Lakini Desemba 1895, ndugu wawili wa familia ya Lumière walionyesha filamu jijini Paris kwa watu waliolipa kiingilio. Hata mwaka haujaisha, Fedetsky alikuwa tayari na mashine ya Kifaransa mkononi.

Sasa jiulize, angepiga nini? Mei 1896, watu wa Lumière walienda Moscow kurekodi Tsar Nicholas wa Pili akivikwa taji. Fedetsky yeye hakumfuata mfalme. Alirekodi mji wake.

Septemba 30 kwa kalenda ya zamani, alisimamisha kamera kunasa maandamano ya waumini. Kila mwaka walibeba picha takatifu ya Bikira Maria kutoka monasteri ya Kuriazh, nje kidogo ya mji, hadi Kharkiv. Baadaye akawarekodi wapanda farasi wa Kikosaki wakionyesha ustadi wao. Akarekodi pia treni ikiondoka stesheni ya Kharkiv. Mambo ya kawaida tu, yale ambayo mtu wa Kharkiv angepita bila kugeuza shingo.

Desemba 2 mwaka huohuo, aliwaita watu kwenye jumba la opera la mji waone. Hebu waza: umeketi gizani, halafu stesheni unayoijua inatokea ukutani, na treni inaondoka! Wengi wanahesabu filamu hizo kuwa mwanzo wa sinema ya matukio halisi nchini Ukraine.

Fedetsky alifariki 1902, akiwa na miaka kama 45. Na hapa ndipo inauma: filamu zake hazipo. Hakuna aliye hai leo aliyewahi kuziona. Tunajua zilikuwepo kwa sababu watu waliandika habari zake. Zile sura za barabarani, zile farasi, ile treni, vyote vimekwenda.

Kurekodi alirekodi. Kilichokosekana ni mtu wa kuzitunza.

Kwa hivyo zile video zako za mtaa, za nyanya akicheka, za stegi kabla haijabomolewa, usizidharau eti ni za kawaida. Zihamishe mahali salama leo, kabla simu haijaenda na mtu.