Daudi Kabaka, kijana aliyevuka mpaka na jina la mfalme

Dereva yeyote wa Mombasa aliyewahi kulala Malaba anaijua foleni ile. Malori yaliyopakia Kilindini yamepangana kando ya barabara, wauza chai wanapita na birika, na kila redio inaimba lake. Nilikuwa huko juzijuzi nikimngojea jamaa yangu amalize mambo ya forodha, ikasikika sauti ya Daudi Kabaka kutoka kibanda kimoja. Kijana aliyekuwa akinimiminia chai aliufuata wimbo mpaka mwisho, neno kwa neno. Nikamuuliza mwimbaji ni nani. Hakujua.

Basi tumtaje. Kabaka alizaliwa 1939 Kyambogo, Kampala, na wazazi Waluhya wa Kenya. Mwaka huohuo ndio aliofariki Daudi Chwa, Kabaka wa Buganda, na mwenye akili atajua jina la mtoto lilikotazama. Siku zile mpaka haukuwa na uzito huu wa leo. Kenya ilikuwa koloni, Uganda ilikuwa himaya, lakini bwana alikuwa mmoja, shilingi moja, na reli ni hiyohiyo iliyoanzia kwetu Mombasa, ikapita Malaba na kufika Kampala 1931. Watu wa magharibi walivuka Busia na Malaba kutafuta riziki kama sisi tunavyovuka feri Likoni. Kabaka alirudishwa Kenya angali mtoto.

Mwaka 1954 alikuwa Nairobi, na umri wake haukuzidi miaka kumi na mitano. Mji ulikuwa chini ya hali ya hatari. Aprili ile wanajeshi waliwazoa Wakikuyu kwa maelfu na kuwapeleka kambini. Katika mji huo wa hofu, kijana alitia saini na African Gramophone Service akatoa Nie Kabaka Naimba. Alijitambulisha kwa jina lake ndani ya wimbo, kama mtu anayebisha hodi. Watu wakaupenda, na kazi ikaanza.

Kilichomfanya Kabaka tunayemjua ni studio ya Equator ya Charles Worrod, miaka ya 1960. Pale alikuwako Fadhili William, mtoto wetu wa Taita, alikuwako Charles Sonko wa Uganda, na Nashil Pichen na Peter Tsotsi waliotoka Zambia. Wakalichukua gitaa la magharibi, wakalichanganya na mwendo wa kwela ya Afrika Kusini, likatoka twisti ambalo Wazungu wasingelitambua. Kabaka akaitwa mfalme wa twisti. Sasa jina na cheo vikawa sawasawa.

Hapa nina neno na watu wa kwetu. Tumezoea kuwacheka waimbaji wa bara kwa ngeli zao, na Kabaka naye hakusalimika. Lakini Msichana wa Elimu aliuimba kwa Kiswahili, akaeleweka Mombasa, Kampala na Dodoma, wakati sisi wenye lugha tumekaa barazani tukimsahihisha. Mimi mwenyewe nilikuwa mmoja wa wachekaji hao.

Helule Helule ndio uliovuka bahari. Mwaka 1968 bendi ya Uingereza, The Tremeloes, iliurudia na ukapanda hadi nambari 14 kwao. Fikiria, msomaji: vijana wa London wanacheza wimbo wa mtoto wa Kyambogo! Lakini kucheza kwao ni jambo moja, na haki ya mtunzi ni jingine. Wanamuziki wengi wa zama zile waliingia studio bila wakili wala mtu wa kuwasomea mkataba. Miaka ya 1970 ilipoanza, Kabaka aliondoka Equator wakiwa wamekosana juu ya malipo, akaendelea na African Eagles. Fadhili naye alikuwa na kesi yake ya muda mrefu kuhusu Malaika, na hiyo tutaizungumza siku nyingine.

Wote wawili walikufa mwaka mmoja, 2001: Fadhili Februari, Kabaka Novemba.

Nikamwambia yule kijana wa chai jina la mwimbaji. Akanitazama kwa mashaka, akaniuliza kama mfalme wa Waganda alikuwa akiimba.