Kijuma wa Lamu: Mzee aliyepinda herufi zikampa riziki

PITA stendi ya matatu mjini Kitale au Bungoma uangalie maandishi yaliyochorwa ubavuni mwa magari. Kuna majina huwezi kuyasoma mara ya kwanza. Herufi zimekumbatiana, moja imemlalia mwenzake, mkia wa ile ya mwisho umerudi nyuma ukaizunguka ya kwanza. Vijana wengi hudhani ufundi huu wa kuandika bila kuheshimu mstari ulitoka New York. Kumbe hapa Kenya tulikuwa na bingwa wake miaka mingi kabla ya treni za huko kupakwa rangi. Aliitwa Muhamadi Kijuma.

Kijuma alikuwa mtu wa Lamu. Watu wa Bungoma wanakijua kisiwa hicho kwa stori tofauti: ndiko wakoloni walikompeleka Elijah Masinde, kiongozi wa Dini ya Musambwa, mwaka wa 1948. Wakati huo Kijuma alikuwa ameaga dunia miaka 3 tu iliyotangulia.

Alizaliwa karibu mwaka wa 1855. Kama watoto wengine wa Lamu, alijifunza kusoma na kuandika kwa herufi za Kiarabu, ambazo Waswahili walizitumia kuandikia lugha yao karne nyingi kabla ya shule za wakoloni. Lakini kijana huyu hakutulia kwenye kazi moja. Alichonga milango. Alitunga mashairi. Alipiga kibangala, ala ya nyuzi ya pwani, na hata kukiunda alijua. Alicheza ngoma pia. Katika mji wa dini kama Lamu, si kila mtu alipendezwa na mambo hayo. Baadaye aliwafundisha Kiswahili wamishonari wa Kijerumani, na hapo maneno yakazidi.

Mwandishi akiwa pia mchongaji, anaiona herufi kwa jicho jingine. Ubao wa juu ya mlango una urefu wake na upana wake, na hauongezeki kwa sababu maneno yako ni mengi. Herufi za Kiarabu zinaruhusu ujanja: waweza kuivuta moja ikawa ndefu kama kamba, ukaipandisha nyingine juu ya jirani yake, nukta ukazitupa palipo na nafasi. Anayesoma lazima azungushe macho.

Kwenye karatasi kulikuwa na maajabu mengine. Chukua utenzi. Kila ubeti una vipande 4, kila kipande mizani 8. Vipande 3 vya kwanza vina kina chao, lakini cha 4 hubeba kina kimoja kutoka ubeti wa kwanza hadi wa mwisho. Waandishi wa Lamu waliupanga ubeti mzima kwenye mstari mmoja, kuanzia kulia kwenda kushoto, na kati ya kipande na kipande wakaweka alama ndogo za mapambo. Matokeo yake ni kwamba kile kina cha mwisho kinashuka ukingoni kushoto kama uzi wa kanga. Hadithi unaisoma ukienda kando, wimbo unauona ukishuka chini. Ukurasa mmoja, njia mbili.

Mpangilio huo haukuwa urembo mtupu. Kiarabu kina alama 3 za irabu, Kiswahili kina irabu 5. Hakina herufi ya P wala V. Kwa hati ya kizamani, "bata" na "pata" huandikwa sawa. Msomaji aliokolewa na maana ya sentensi, na mara nyingine na kina: akijua sauti inayotakiwa mwishoni, hawezi kupotea. Umbo la ukurasa lilimsaidia kusoma.

Kijuma aliigeuza kalamu kuwa hasla. Wazungu waliosomea Kiswahili walitaka mashairi makongwe ya pwani, naye akawanakilia kwa mkono, vichwa vikiwa vimepambwa kama milango yake. Miongoni mwa wateja wake walikuwa Alice Werner na William Hichens, Waingereza. Mjerumani Ernst Dammann alimfuata hadi Lamu mwaka wa 1936, mzee akiwa na miaka kama 80 na bado anaandika. Kwa njia hiyo alinakili Al-Inkishafi na tungo nyingine zilizokuwa zikihifadhiwa vifuani mwa wazee na kwenye karatasi zilizoliwa na mchwa. Utendi wa Fumo Liyongo, ulioandikwa mwaka wa 1913, unatambuliwa kuwa kazi yake. Mwanawe naye alimtungia utenzi wa mausia, Siraji.

Hapa ndipo penye uchungu. Mteja aliyelipa ndiye aliyebeba. Kazi nyingi za mkono wa Kijuma leo ziko London na Ujerumani. Na huku nyumbani upepo ulikuwa umegeuka. Shule zilifundisha herufi za Kirumi. Kuanzia 1930, kamati ya wakoloni ilisanifisha Kiswahili kwa msingi wa Kiunguja, si Kiamu cha Kijuma. Alipofariki mwaka wa 1945, Mkenya wa kawaida aliyejua kusoma hangeweza kuusoma ukurasa wake hata kama angewekewa mezani.

Waweza kumlaumu kwa kuuza. Lakini jiulize nani mwingine alikuwa akimlipa. Fundi hula kwa kazi yake, na bila zile oda baadhi ya tungo tunazofanyia mtihani leo huenda zisingefika kwetu kabisa. Lililopotea zaidi ni jicho la kuzisoma zilivyoandikwa.

Jicho hilo hununuliwi na mtu. Baadhi ya miswada ya Kiswahili sasa imepigwa picha na kuwekwa mtandaoni, unaifungua kwa simu ukiwa Webuye au Kiminini. Alfabeti ya Kiarabu ina herufi 28. Anayemudu kusoma jina la matatu likipita kasi barabarani hashindwi na hizo. Anza upande wa kulia.